Kucheleweshwa kwa usahihishaji upya wa mtihani

Swali: Chuo kikuu changu hapa Kenya kilipokea ada ya kusahihisha upya karatasi yangu, lakini muhula umekwisha bila jibu na mahafali yanakaribia. Je, sheria inanilinda?

Jibu: Inakulinda, ndugu. Kifungu cha 47 cha Katiba ya 2010 kinampa kila mtu haki ya kutendewa na mamlaka za kiutawala, kama chuo chako, kwa haraka, kwa haki na kwa kufuata sheria, na Sheria ya 2015 inayokitekeleza inaruhusu ucheleweshaji usio na sababu kupingwa mahakamani.

Jibu: Maliza kwanza rufaa za ndani ya chuo, kwa barua iliyoambatanishwa risiti, ukihifadhi nakala iliyogongwa muhuri. Mahakama haitakupa alama. Hukiamuru tu chuo kitoe uamuzi.