Kamba "wasio na virusi", mbona wanakufa?

Wakuu, nilichukua vifaranga vya kamba weupe (Penaeus vannamei) vyenye cheti cha kutokuwa na virusi. Sasa wanaganda kingoni mwa bwawa, hawali, na ukibandua gamba la kichwa unaona madoa meupe. Nimeuziwa kanyaboya?

— Si lazima. Cheti kinasema walikuwa safi walipotoka kituoni, basi. Hakisemi wana kinga; kinga ni suala la kurithi. Virusi vya ugonjwa wa madoa meupe huingia kwa maji, hata kwa kaa wanaotambaa usiku. Uliweka uzio wa kaa?

— Naongezea. Virusi vya Taura, ugonjwa mwingine wa kamba, vilidhibitiwa vizuri kwa kuchagua familia zenye kinga: ndugu wengine wanaambukizwa maabara, wale wasioguswa wa familia zilizostahimili ndio wanazalishwa. Kwa madoa meupe njia hiyohiyo imekuwa ngumu mno.

Uzio sina. Je, watakaopona niwafanye wazazi?

— Usithubutu, mkuu! Wanaweza kubeba virusi kimyakimya na kuwapa watoto. Tena vifaranga vya kituo kimoja mara nyingi ni ndugu. Ukiwapandisha wenyewe kwa wenyewe utavuna vidumavu. Vuna, kausha bwawa, weka uzio.