Kazi ya skuli ya mwanangu: Maalim Seif na nguzo zake sita

Mama wa Leicester, Jumatatu usiku

Assalaamu alaykum ndugu zangu Wazanzibari mlio nje.

Leo sina suala la viza wala la mizigo. Mwanangu wa miaka 13 amepewa kazi skuli: achague kiongozi wa nchi ya wazee wake, achore matokeo yake ya uchaguzi ya miaka yote, kisha asimame mbele ya darasa aeleze. Wenzake wamechukua walioshinda. Yeye kamchukua Maalim Seif Sharif Hamad, aliyekuwa akigombea urais wa Zanzibar kwa upinzani, kwa vile picha yake ipo ukutani kwa bibi yake Wete na hajawahi kuuliza huyu ni nani.

Asilimia kazitafuta mwenyewe kwenye intaneti, kachora nguzo sita: 1995, 49.8. 2000, 33. 2005, 46.1. 2010, 49.1. 2016, 1.9. 2020, 19.9. Mwalimu kaiangalia ile ya 1.9 kamuuliza, hapa ilikuwaje, watu walimchoka ghafla? Mtoto karudi kaniuliza mie. Mie nimeondoka Pemba nina miaka tisa. Baba yake yuko zamu ya usiku, tunapishana mlangoni. Anasimama darasani Jumatatu ijayo. Nisaidieni, kwa maneno ambayo mtoto atayaweza.

Kijana wa Cardiff, Jumatatu usiku

Mwambie aandike: hakushindwa hata mara moja. Basi.

Msimamizi, Jumanne

Ami, hilo mwalimu hatolipokea. Na tukumbushane, hapa si uwanja wa siasa wa Kibandamaiti. Kaulizia mtoto, ajibiwe mtoto.

Mzee wa Utaani, Coventry, Jumanne

Wa alaykum salaam mwanangu. Kabla ya kupanga maboksi ghalani huku nilikuwa nikisomesha, basi nijibu kama mwalimu. Namba za mtoto ni sawa. Kilichokosewa ni kuzipaka nguzo zote rangi moja, kana kwamba ni mbio sita za uwanja mmoja. Atumie rangi tatu.

Rangi ya kwanza ni ya chaguzi zilizokwenda mpaka mwisho na wote wamo: 1995, 2005 na 2010. Kwa ya 1995 asiandike asilimia tu, aandike kura. Salmin Amour wa CCM alitangazwa kwa kura 165,271, Maalim 163,706. Mtoto atoe mwenyewe, atapata 1,565. Watu hao ukiwaweka uwanja wa mpira wa Gombani utadhani mechi imeahirishwa. Majimbo yote 21 ya Pemba yalikwenda CUF, chama chake wakati huo, na matatu ya Unguja. CUF waliyakataa matokeo, na waangalizi wa nje nao walisema hesabu haziwiani. Aandike hivyo hivyo, nani alisema nini. Asiandike "aliibiwa" kwa kalamu yake, maana mwalimu atamuuliza ushahidi, na mtoto wa miaka 13 hana fomu za vituo mfukoni. (Kijana wa Cardiff, hili lakuhusu na wewe.)

Ya 2005 aipite, Amani Karume wa CCM 53.2, Maalim 46.1.

Rangi ya pili ni ya chaguzi zilizosuswa, nazo ni mbili. Mwaka 2000 kura za majimbo 16 ya Mjini Magharibi zilifutwa zikarudiwa tarehe 5 Novemba, na CUF hawakwenda. Kwa hiyo ile 33 ni ya uchaguzi uliokatika katikati. Maandamano na mauaji yaliyofuata Januari 2001 wengi humu tunayajua kwa miguu yetu. Tume ya Mbita, iliyochunguza mauaji hayo, iliandika watu 31 waliouawa, na zaidi ya 2,000 walivuka bahari kwenda Shimoni, Kenya. Mwambie mwanao kwamba baadhi ya watu anaowaamkia msikitini wapo nchi hii kwa sababu ya nguzo ile ya pili.

Sasa hiyo 1.9. Oktoba 2015 nilikuwa Wete kwa likizo. Haki ya kupiga sikuwa nayo, nilimpeleka mama yangu kituoni, kakaa foleni tangu alfajiri na kiti chake cha plastiki. Ilikuwa tarehe 25. Matokeo yakawa yanatangazwa jimbo kwa jimbo, sisi tunayaandika nyuma ya kalenda. Tarehe 28 mchana mwenyekiti wa Tume ya Uchaguzi, Jecha Salim Jecha, katokea kwenye televisheni ya ZBC kasema uchaguzi wote wa Zanzibar umefutwa. Mama kakitazama kidole chake chenye wino, kaniuliza: "Na hiki je?"

Sikuwa na jibu, na sinalo hadi leo, kwa sababu siku ileile, kituo kilekile, kidole kilekile kilipiga na kura ya Rais wa Muungano. Hiyo haikufutwa. Magufuli kaapishwa tarehe 5 Novemba.

Uchaguzi wa marudio ukafanywa tarehe 20 Machi 2016. CUF wakasusa, lakini jina la Maalim likabakishwa kwenye karatasi. Ali Mohamed Shein wa CCM alipewa 91.4. Ile 1.9 ni kura 6,076 za watu waliokwenda wakamtia alama tu. Kwa hivyo mwalimu ajibiwe kwamba nguzo ile fupi haipimi waliomchoka, watu wake walibaki majumbani. Mama yangu siku hiyo alikaanga mihogo.

Rangi ya tatu, 2020, chama kingine. CUF ilipasuka, na Machi 2019 Maalim na watu wake wakahamia ACT-Wazalendo, kwa kauli yao ya "shusha tanga pandisha tanga". Hussein Mwinyi wa CCM 76.27, yeye 19.87. Matokeo hayo nayo waliyakataa. Wengine mnakumbuka siku zile WhatsApp ilivyogoma, tukarudi kwenye kadi za kukwangua za kupigia simu kama mwaka 2001.

Mtu wa Makunduchi, Toronto, Jumanne usiku

Mzee wangu, shikamoo. Kwetu mie ni CCM na mnanijua, nimekusoma mpaka mwisho na sina ugomvi na rangi zako. Ila ya 2010 umeiruka, nayo ndiyo ya kumfurahisha mwalimu.

Tarehe 5 Novemba 2009 Maalim na Karume walikutana Ikulu. Tarehe 31 Julai 2010 ikapigwa kura ya maoni, asilimia 66.4 wakasema ndiyo kwa Serikali ya Umoja wa Kitaifa. Oktoba Shein kapata 50.1, Maalim 49.1. Safari hii Maalim kasimama pale hoteli ya Bwawani, matokeo yalipotangazwa, kayakubali, kampa mkono mwenzake. Nilikuwa Darajani, watu wa rangi zote wakinunuliana juisi ya miwa. Sijaona tena siku kama ile.

Mtoto aziweke nguzo mbili, moja pembeni ya nyengine. Mwaka 1995 alipata 49.8, hakupata kiti. Mwaka 2010 alipata 49.1, pungufu, kawa Makamu wa Kwanza wa Rais. Watu walikuwa walewale, katiba ndiyo iliyobadilika. Tena 2020 kwa 19.87 tu aliapishwa Makamu wa Kwanza tena, tarehe 8 Disemba, kwa sababu chama chake kilishika nafasi ya pili. Na hapa niseme langu: kususa 2016 kulikigharimu chama chake kiti hicho miaka mitano. Mzee atanikatalia, akatae.

Mzee wa Utaani, Jumatano

Nakataa. Lakini hiyo ya nguzo mbili ni nzuri, mtoto aichukue.

Na kama karatasi ina nafasi, aongeze mstari mdogo kabla ya nguzo zote. Mwaka 1985, chama kikiwa kimoja, Maalim alikuwa Waziri Kiongozi wa Zanzibar, na vikao vya CCM vilimpitisha Idris Abdul Wakil kugombea urais badala yake kwa tofauti ndogo. Miaka mitatu baadaye kafukuzwa chamani, 1989 kafungwa, katoka 1991.

Dada wa Muscat, Jumatano

Samahani nachomeka la kwangu. Mwakani narudi likizo ya miezi miwili, je nikiwa kule naweza kujiandikisha kupiga kura? Au ubalozini hapa?

Msimamizi, Jumatano

Dada, ubalozini hakuna kupiga kura. Kwa Zanzibar sheria inataka uwe mkaazi wa jimbo miezi 36 mfululizo, isipokuwa makundi machache kama wanafunzi walioko masomoni nje. Likizo haihesabiwi. Utahitaji pia kitambulisho cha Mzanzibari mkaazi, na safari yake inaanzia kwa sheha wako, kiongozi wa shehia yenu. Aliyechukua uraia wa nchi nyengine ukubwani asihangaike, uraia pacha kwetu haupo. Na wa kwenda nyumbani mwaka wa uchaguzi anunue tiketi inayobadilishika tarehe.

Mzee wa Utaani, Jumatano

La tiketi ni kweli tupu. Ile ya 2015 ilikuwa ya tarehe 30, nikakwama wiki nzima, na aliyeniuzia hakunirudishia hata senti.

Mama wa Leicester, Ijumaa

Allah awalipe kheri. Karatasi imeshapakwa upya: buluu, kijivu, zambarau. Pembezoni kachora kidole chenye wino, nami sikumwambia. Alitaka kukiandika "shahidi", nikamkumbusha neno la Mzee, kafuta, kaandika "bibi mmoja wa Wete". Mzee, nisamehe, yule ni mama yako.

Limebaki jambo la jina. Mwalimu alidhani Maalim ndilo jina lake la kwanza. Mtoto kajibu kwamba alikuwa mwalimu wa skuli kabla ya siasa, na kwetu ualimu haukutoki hata uwe makamu wa rais. Mwalimu kacheka, kasema atawaambia wenzake na yeye waanze kumwita hivyo.

Sasa mtoto anataka kumuuliza bibi yake kuhusu ile picha: kaitundika mwaka gani, kabla ya Maalim kufariki Februari 2021 au baada ya maziko yake kule Mtambwe, Pemba. Tutampigia Jumapili. Kumbukeni saa zetu zinarudi nyuma usiku wa kuamkia siku hiyo, tofauti na nyumbani inakuwa saa tatu badala ya mbili. Nikipiga saa nne asubuhi ya hapa, Wete itakuwa saa saba, keshasali adhuhuri na hajalala. Au kuna anayejua siku hizi umeme kule unakatika saa ngapi? Simu yake haikai na chaji.