Matti Pellonpää wa Ufini: utulivu wake ulitoka jukwaani au kwenye kamera?

MwalimuWaMakole

Ndugu zangu, habari za jioni. Ninaongoza kundi dogo la maigizo hapa Dodoma mjini. Tunakutana kila Jumamosi katika ukumbi wa kuazima huko Makole, na kwa sasa tunafanya mazoezi ya mchezo wa jukwaani ambao baadaye tutaurekodi uwe filamu fupi. Kijana wetu mmoja amepewa nafasi ya mlinzi wa usiku, mwenye mistari saba tu katika mchezo mzima. Kila mstari anaupigia kelele, anatoa macho na kurusha mikono, kwa hofu kwamba asipofanya hivyo hakuna atakayemkumbuka. Ninamwelewa sana, kwa kuwa nami niliwahi kuambiwa na mwongozaji mmoja kwamba sura yangu si ya stelingi, na kwa miaka mingi baada ya hapo nilipaza sauti kila nilipopewa nafasi ndogo.

Ili kumsaidia, nimemwonyesha filamu za Mfini mmoja, Matti Pellonpää, mtu wa masharubu yaliyolala na macho yenye uchovu, ambaye ukishamwona mara moja humsahau ingawa hafanyi jambo lolote kubwa. Kijana amevutiwa. Hata hivyo, mwenzangu tunayefundisha naye anasema utulivu ule ni zao la kamera, na kwamba mtu aliyelelewa jukwaani hawezi kuupata, kwa sababu jukwaa humfundisha kusikika mpaka kiti cha nyuma. Je, safari ya Pellonpää katika kazi hii inatuonyesha nini?

ZezeLaChamwino

Shikamoo mwalimu. Naomba nianze na sauti, maana yeye mwenyewe alianzia hapo. Pellonpää alizaliwa Helsinki mwaka 1951, na mwaka 1962, akiwa bado mtoto, alianza kuigiza katika michezo ya redio ya Yle, shirika la utangazaji la taifa lao. Katika miaka ya 1970 aliigiza kwenye vikundi vya ridhaa, kama hicho chako, huku akisomea uigizaji chuoni, akahitimu mwaka 1977. Kwa hiyo, kabla ndugu wawili Mika na Aki Kaurismäki hawajaanza kumweka katika filamu zao mwanzoni mwa miaka ya 1980, alikuwa ameshaifanya kazi hii kwa takriban miaka ishirini.

Sisi tuliokulia kwenye michezo ya redio tunajua inavyofundisha. Mhusika tulimtambua kwa jinsi alivyovuta pumzi kabla ya kujibu, na mtu aliyepiga kelele karibu na maikrofoni aliharibu mchezo wote. Ninaamini utulivu wa Pellonpää ulipandwa pale.

Mtazame katika «Varjoja paratiisissa» ya mwaka 1986. Anaigiza Nikander, mzoa taka anayempenda Ilona, keshia wa supamaketi, ambaye uhusika wake umevaliwa na Kati Outinen. Siku ya kwanza kumtoa, anampeleka kwenye ukumbi wa bingo. Maneno ni machache na sauti haipandi, lakini unaona kabisa kwamba mtu huyu hajui apeleke wapi moyo wake, na kwamba bingo ndiyo starehe anayoifahamu.

Halafu tazama «Ariel» ya mwaka 1988, ambamo nafasi yake ni ya mfungwa mwenza aitwaye Mikkonen. Mhusika mkuu ana gari kubwa la wazi, naye amekuwa akiliendesha katika baridi ya Ufini bila kujua namna ya kufunga paa lake. Karibu na mwisho, Mikkonen akiwa kwenye kiti cha gari hilo, amejeruhiwa na anakata roho, anabonyeza kitufe kimoja na paa linajifunga taratibu. Mwigizaji mwingine angelifanya tukio hilo kuwa la kilio na kushika kifua, lakini yeye alitumia kidole tu. Mwonyeshe mlinzi wako kidole kile.

BintiWaMpwapwa

Kaka Zeze, nimekusoma kwa makini, lakini naomba nitofautiane nawe. Ukitazama filamu za Aki Kaurismäki utaona kwamba karibu kila mtu anasimama vile na kusema vile: Outinen, Esko Nikkari, hata wanaopita kwa dakika moja. Hiyo ni mizani ya mwongozaji, naye ndiye aliyeamua maneno yawe machache na nyuso zitulie. Mwalimu akimwambia kijana wake atulie tu, bila kuwa na mwongozaji wa namna hiyo na bila kamera ya kuusogelea uso, atapata nguzo ya umeme jukwaani. Nasema haya kwa kuwa nimeshaona vijana wengi wakiambiwa «punguza», wakapunguza mpaka ndani pasibaki kitu.

MzeeWaKongwa

Binti yangu, hoja yako kuhusu nguzo ya umeme ni ya kweli na mwalimu aizingatie. Lakini katika suala la mwongozaji, ushahidi unakukatalia, kwa sababu Pellonpää alifanya kazi pia na Mmarekani Jim Jarmusch, katika «Night on Earth» ya mwaka 1991. Filamu hiyo ina madereva watano wa teksi katika miji mitano, na wa mwisho ni Mika, dereva wa Helsinki, ambaye ni Pellonpää. Alfajiri, katika theluji, anawapakia walevi watatu, mmoja wao amezimia kwa pombe. Wawili walio macho wanasimulia masaibu ya mwenzao aliyefukuzwa kazi, wakidhani hakuna aliyeumia kuliko yeye.

Ndipo Mika anaanza kusimulia yake. Mtoto wake wa kike alizaliwa njiti, na madaktari hawakumpa matumaini, basi yeye kama baba akaamua asimpende, ili uchungu usije ukamzidi. Mtoto akaendelea kuishi wiki baada ya wiki, mpaka baba akakubali kuufungua moyo wake. Alipokwisha kuufungua, mtoto akafariki. Pellonpää anayasema yote hayo bila kulia hata kidogo. Wanaolia ni walevi waliokaa nyuma. Mimi nimewahi kuzika mtoto, na ninakuambia kwamba ndivyo mwanamume anavyosimulia jambo hilo akiwa bado ana kazi ya kumalizia asubuhi.

Wala hakuwa na namna moja tu. Katika «Leningrad Cowboys Go America» ya mwaka 1989 alikuwa Vladimir, meneja mchoyo wa bendi, anayewanyima wanamuziki wake chakula huku yeye akijifichia bia ndani ya jeneza. Katika «La Vie de bohème» aliigiza Rodolfo, mchoraji Mwalbania asiye na hati za kuishi Paris, tena kwa Kifaransa, lugha isiyo yake, na nafasi hiyo ilimpa tuzo ya Ulaya ya mwigizaji bora wa kiume mwaka 1992.

Moyo wake ulisimama Julai 1995, akiwa na miaka 44. Kaurismäki alikuwa anaandaa filamu iliyomtegemea yeye kama mhusika mkuu. Ikabidi aigeuze hadithi, uzito wake akaukabidhi kwa Kati Outinen, na filamu ikatoka mwaka 1996 ikiwa imetolewa kwa kumbukumbu yake. Ndani yake kuna mahali mama anaitazama picha ya mtoto wake aliyefariki. Mtoto yule pichani ni Pellonpää mwenyewe alipokuwa mdogo.

BintiWaMpwapwa

Mzee wangu, shikamoo, na pole sana. Kuhusu Jarmusch nimekubali.

MwalimuWaMakole

Nawashukuru nyote. Jana nimeifanyia kazi hoja ya redio. Nilimsimamisha kijana nyuma ya pazia, nikawaketisha wenzake mbele, akasema mistari yake saba bila kuonekana. Mitatu ya kwanza aliipigia kelele kama kawaida. Wa nne alikohoa kidogo, akasubiri, kisha akasema, «Lango limeshafungwa, mama,» kwa sauti ya mtu aliyekesha kweli. Mwenzangu aliyekuwa anabisha akamwomba aurudie. Jumamosi ijayo tutalitoa pazia na kuwaalika majirani, nami nitaketi kiti cha nyuma kabisa nione kama anasikika.