Shirley Temple: kweli kazi yake ilikufa alipokua? Na fedha zilikwenda wapi?

Swali
Wakuu, naomba ufafanuzi kuhusu Shirley Temple, yule mtoto nyota wa Marekani wa miaka ya 1930. Kila mahali inaandikwa kwamba alipokua tu, kazi ikafa. Ndivyo? Na mamilioni aliyochuma yaliishia wapi? Nikitaka kuona ufundi wake mwenyewe, nianze na filamu ipi?

Jibu la 1
Mkuu, si kweli. Alizaliwa 23 Aprili 1928, akaanza na filamu fupi mwaka 1932, na kuanzia 1935 hadi 1938 hakuna nyota wa Hollywood aliyemzidi kwa kujaza majumba ya sinema. Shida ni kwamba studio ya Fox ilimuuza kama mtoto asiyekua: misokoto 56 ya nywele kichwani, na umri wake ukapunguzwa mwaka mmoja. *The Blue Bird* ilipoanguka mwaka 1940, akaondoka Fox. Lakini akiwa kijana alicheza *Since You Went Away* (1944), *The Bachelor and the Bobby-Soxer* (1947) na *Fort Apache* (1948), filamu nzuri zote. Alistaafu filamu Desemba 1950, akiwa na miaka 22. Kisha akarudi kwa televisheni, akiongoza kipindi chake cha hadithi za watoto kuanzia 1958 hadi 1961.

Jibu la 2
Kuhusu fedha: alichuma zaidi ya dola milioni 3, na alipokuwa mtu mzima akakuta zimebaki takriban dola 44,000. Baba yake, aliyekuwa mtu wa benki, ndiye aliyezisimamia.

Wengi hudhani sheria ya Coogan, ile ya kulinda mapato ya watoto waigizaji, ilimkinga. Hapana. Ilipitishwa California mwaka 1939, miaka yake minono ikiwa imeshapita, tena ilitegemea mkataba upelekwe mahakamani kuidhinishwa. Meno ilipata mwaka 2000: sasa mwajiri mwenyewe hukata asilimia 15 na kuiweka kwenye akaunti ya amana, na fedha hizo hazitolewi mpaka mtoto atimize miaka 18. Hapa watu hukosea hesabu: asilimia hiyo ni ya pato ghafi, kabla ya kamisheni ya wakala. Mtoto akilipwa dola 10,000, amana ni 1,500, hata kama wakala anachukua 1,000.

Jibu la 3
Anza na *The Little Colonel* (1935), utafute densi ya ngazini na Bill Robinson, bingwa wa densi ya tap (ya kupiga mdundo kwa viatu). Zima picha kwanza, usikilize viatu tu. Kisha tazama miguu ya Shirley: Robinson alimrahisishia hatua, akamfundisha kupiga kwa ncha ya kiatu ule ubao wa wima wa ngazi. Teke moja linaongeza mlio, mguu haujabeba kazi ya ziada. Ana miaka 6 na hapotezi mdundo!

Chagua nakala ya rangi nyeusi na nyeupe. Zilizopakwa rangi baadaye hufifisha vivuli, na miguu inapotea. *The Little Princess* (1939), kwa upande wake, ilipigwa kwa rangi tangu mwanzo.

Muuliza
Shukrani sana. Na habari kwamba baadaye alikuwa balozi wa Marekani ni za kweli?

Jibu la 1
Kweli kabisa: Ghana 1974 hadi 1976, na Chekoslovakia 1989 hadi 1992.