Tumepigwa Akihabara: ziara ya "mitaa ya anime" iliyogeuka udalali wa maduka

Wakuu habari zenu. Mtanisamehe kwa uzi mrefu ila acha niseme, maana toka Jumapili nimekaa na hili jambo moyoni na kila nikilikumbuka hasira zinapanda upya.

Mdogo wangu wa kike kaja kunitembelea huku Japani kutoka Dar. Huyu binti ni mchoraji, na anime, yaani katuni za Kijapani, kwake ndiyo shule aliyosomea, hajaingia darasa lolote la kuchora, kajifunza mikono na macho na mikunjo ya nguo kwa kusimamisha picha kwenye simu na kuirudia kwenye daftari mpaka usiku wa manane. Hela ya tiketi kadunduliza mwenyewe, viza kahangaikia mwenyewe. Mimi naishi mkoa wa mbali na Tokyo na shughuli zangu ni za magari, nikasema basi tulipie ziara ya miguu yenye mtu anayeijua hiyo mitaa atuelezee vizuri, asirudi nyumbani na picha tupu. Tangazo lao lilikuwa tamu kweli: masaa manne, mitaa mitatu ya Tokyo, Akihabara, Nakano na Ikebukuro, muongozaji ni otaku wa damu, yaani shabiki wa kufa wa anime na magemu, na ana leseni, maid cafe (mgahawa ambao wahudumu ni mabinti waliovaa kama vijakazi) imo kwenye bei. Yeni 12,000 kwa kichwa. Kwa watu wawili hiyo ni kama laki nne za Kibongo, imelipwa yote kabla hatujakanyaga hata stesheni.

Kwanza tunaambiwa tukutane saa tatu asubuhi kwenye mlango wa Denki-gai, yaani mtaa wa umeme, pale stesheni ya Akihabara. Sasa jamani, maduka mengi ya pale yanafungua saa nne, saa tano, mengine mpaka saa sita. Saa tatu asubuhi ya Jumapili ni mageti ya chuma yameshushwa mtaa mzima, watu wanafagia vibaraza, malori ndo yanashusha mizigo. Mtu anayefanya kazi ya kutembeza watu pale hajui hilo? Anajua sana. Tumezungushwa zaidi ya saa nzima tukioneshwa nje ya majengo, "hili ni duka la magemu, hili ni la anime, hili ni la magemu pia", tunatazama mageti na mabango. Tulikuwa kama watu nane hivi, kuna baba mmoja Mbrazili na mtoto wake wa kiume, yule mtoto kila tukisimama anauliza tunaingia saa ngapi, hajibiwi.

Na hata hiyo saa moja ya mageti ingetosha kabisa kama jamaa anayetuongoza angekuwa na kitu kichwani! Mahali pale pana habari ya kuelezea mpaka jua lizame. Baada ya vita kuu ya pili lilikuwa soko la magendo, watu wanauza taa za redio na vipuri mitaani, wanafunzi wa chuo cha umeme kilichokuwa karibu wanaunda redio na kuziuza. Wanajeshi wa Marekani walioikalia Japani walipoamuru mwaka 1949 vibanda vya barabarani viondolewe, wale wauzaji wakasogezwa chini ya reli ya juu na mpaka leo wapo palepale. Unaingia kwenye kijinjia ambacho watu wawili wakipishana lazima mmoja ageuke ubavu, kushoto kulia ni meza zenye vikasha vidogovidogo, hiki kina swichi tupu za kila rangi, hiki rezista, hiki vitaa, hiki nyaya zimekunjwa zimefungwa na mpira, na katikati ya vikasha amekaa mzee kwenye kiti kifupi kiasi kwamba unaona kichwa tu. Kama umewahi kukaa kwenye kibanda cha fundi redio ukamsubiri amalize kulehemu, utajisikia nyumbani. Sisi tulipita nje ya pale mdogo wangu akachungulia akauliza huku ndani kuna nini, jamaa akasema "vitu vya zamani tu, twendeni".

Vitu vya zamani tu! Hivyo vitu vya zamani ndiyo mama wa kila kitu kilichopo pale. Kutoka kwenye redio wakaenda kwenye tivi na mafriji, kutoka hapo kwenye kompyuta, kampuni ya kompyuta ya NEC walifungua sehemu yao ndani ya jengo la Radio Kaikan, yaani jumba la redio, mwaka 1976 watu wanakuja kujaribu kompyuta ambazo walikuwa wanaziunga wenyewe, na walewale watu wa kompyuta ndo waliokuwa wanapenda magemu na anime, biashara ikawafuata. Hivyo ndivyo mtaa wa vipuri ulivyogeuka mtaa wa otaku. Radio Kaikan yenyewe, ile ya mwaka 1962, ilivunjwa ikajengwa upya ikafunguliwa 2014, imejaa figa, yale masanamu madogo ya wahusika wa anime, na kadi toka chini mpaka juu. Binti kauliza kwa nini jengo la kuuza masanamu ya wahusika linaitwa jumba la redio, swali zuri kabisa, akajibiwa kwamba ni jina tu.

Saa tano maduka yamefungua, nikajua sasa ndo tunaanza. Tumeingizwa Super Potato, lile duka la magemu ya zamani, na nasema wazi duka lenyewe halina kosa lolote, ni pazuri kuliko nilivyotegemea. Ghorofa ya tatu na ya nne ni kaseti na mashine za zamani, zipo Famicom za mwaka 1983, zile ambazo sisi tulikuwa na feki zake tunapuliza vumbi kwenye kaseti ndo gemu liwake, na ghorofa ya tano kuna mashine za kuchezea, unatumbukiza yeni 100 unacheza. Yule mtoto wa Kibrazili macho yalimtoka. Tukaambiwa dakika kumi. Dakika kumi ghorofa tatu, na foleni ya kupanda ngazi! Mtoto kapata nafasi ya kukaa kwenye mashine, hajamaliza hata mchezo mmoja, kashikwa bega anaambiwa kundi linaondoka.

Mnajua tulikuwa tunakimbilia wapi? Duka la zawadi. Tishati, minyororo ya funguo, soksi, vikombe, vitu ambavyo vimejaa kila kona ya Tokyo. Pale hatukuwa na haraka. Pale tumekaa karibu dakika arobaini na tano na jamaa kila mtu anamsogelea, "hii hamtaipata kwingine, hii ni ya hapa tu". Figa moja mdogo wangu kaishika kaona bei kaiacha, dakika kumi baadaye akaikuta ileile, boksi lilelile, kwenye dirisha la duka la mtumba mtaa wa nyuma kwa chini ya nusu. Na mimi nimesimama pale kaunta nikaona kila mtu wa kundi letu akilipa, keshia anaandika kitu kwenye kikaratasi pembeni. Nikamuuliza kwa Kijapani, yule dada wala hakuficha, akasema ni namba ya muongozaji wenu. Cha juu! Tumelipa yeni 12,000 ili tupelekwe kuuzwa!

Maid cafe ikawa hivyohivyo. Tangazo linasema imo kwenye bei, mlangoni tunaambiwa kilichomo ni kuingizwa tu, kiti unalipia na kila mtu lazima aagize kinywaji. Taratibu za hizi cafe zinajulikana na ziko wazi, kiti kina bei yake, unaagiza angalau kitu kimoja, unakaa muda fulani, na wale mabinti huruhusiwi kuwapiga picha, ukitaka picha unalipia ile ya kamera ya papo hapo mnapiga pamoja. Hayo yote muongozaji alitakiwa atuambie kabla ya kuingia. Hakusema hata moja. Mzee mmoja wa kundi letu kanyanyua simu kampiga picha binti aliyekuwa analeta vikombe, binti kaziba uso na trei, na muongozaji wetu akacheka! Kacheka kabisa, halafu anatugeukia sisi anasema ndivyo walivyo. Nilitaka kuondoka muda uleule. Wale ni watu wapo kazini, kuna mteja pale amekuja peke yake na kitabu chake katulia zake, sisi tumeingizwa kama tunaenda kuangalia wanyama. Mdogo wangu alimuinamia yule binti akamuomba radhi kwa Kijapani alichojifunza kwenye anime, na yeye hakuwa na kosa lolote.

Tunatoka nje saa saba, ile barabara kubwa ya Chuo-dori magari yamezuiwa watu wanatembea katikati. Mtu kauliza kwa nini hamna magari. Jibu: "wanafunga Jumapili kwa ajili yenu watalii". Mungu wangu. Ule utaratibu wa kuwaachia waenda kwa miguu barabara Jumapili ulianza pale mwaka 1973, utalii wa anime haujazaliwa. Tarehe 8 Juni 2008, Jumapili kama hiyo, mtu aliingiza lori kwenye watu akashuka na kisu, wakafa watu saba, barabara ikaacha kufungwa mpaka Januari 2011. Tumesimama juu ya hiyo lami na mtu aliyelipwa kutuelezea anatupigia stori za uongo.

Sasa hapo masaa manne yameisha. Nikamuuliza Nakano? "Muda umetubana." Ikebukuro je? Nisikilizeni vizuri hapa maana ndo palipoua kabisa. Kamtazama mdogo wangu akamwambia Ikebukuro ni mambo ya wanawake tu, hakuna cha kuona kule.

Mambo ya wanawake tu! Huyu binti katoka Dar es Salaam kwa ajili ya Ikebukuro! Otome Road, ule mtaa wa pembeni ya jengo kubwa la Sunshine City kule Ikebukuro, ndiyo sehemu ambayo mashabiki wa kike wamejijengea dunia yao, manga (vitabu vya katuni) zilizochorwa na mashabiki wenyewe, mavazi ya kosplei ya kujifananisha na wahusika, mtumba wa kila aina. Animate, wale wauzaji wa bidhaa za anime, walifungua duka lao la kwanza Ikebukuro mwaka 1983, na mwaka 2023 wamelipanua duka kuu lao palepale limekuwa jengo zima kubwa. Sasa mtu anakula hela ya mwanamke halafu anamwambia hakuna cha kuona kwa sababu ni ya wanawake. Na Nakano nayo, Nakano Broadway ni jengo la maduka la 1966, kampuni ya Mandarake walianzia mule 1980, kiduka kidogo cha manga za mtumba cha mtu aliyekuwa mchora manga mwenyewe, Masuzo Furukawa, leo wametapakaa kwenye jengo zima, chumba hiki figa za bati, chumba kile karatasi halisi za uchoraji wa anime. Zile karatasi ndo mdogo wangu alikuwa anazitaka, aone penseli ya mchoraji ilivyopita. Kutoka Akihabara unapanda treni ya mstari wa njano moja kwa moja, dakika kama ishirini, umefika. Dakika zile za soksi na vikombe zingetosha kutufikisha na zikabaki.

Kuhusu leseni sasa. Nilimuomba anioneshe kitambulisho cha usajili, akaanza kubabaika, mara kipo ofisini, mara siku hizi hakihitajiki. Ukweli ni kwamba mpaka mwanzoni mwa 2018 huku kutembeza wageni na kuwatafsiria kwa malipo bila leseni ilikuwa kosa, sheria ikalegezwa, sasa mtu yeyote anaweza kufanya. Sina tatizo na hilo, kuna vijana hawana leseni na wanaijua mitaa hiyo kuliko mtu yeyote. Ila kujiita mwenye leseni wakati huna, hilo bado limekatazwa. Na mwenye leseni ya kweli sheria inamzuia kudai hela kwa wenye maduka kwa ajili ya kuwapelekea wateja. Kwa hiyo hawa jamaa wanachukua jina la mwenye leseni kwenye tangazo, halafu kwenye duka wanakula cha juu kama mtu asiyebanwa na chochote.

Nimewaandikia kampuni. Nimejibiwa ujumbe wa kunakili na kubandika kwamba ziara "ilikamilika kwa mafanikio" na ratiba inaweza kubadilika. Kubadilika ni kutoa sehemu mbili kati ya tatu? Nimewajibu nataka hela ya Nakano na Ikebukuro irudi kwa wote waliokuwepo, na nimewaambia kuhusu leseni nalipeleka kwenye kituo cha malalamiko ya walaji, kila mji huku una dawati la hivyo, unapiga 188 unaunganishwa. Yule baba wa Kibrazili tumeachiana namba na yeye anaandika ya kwake.

Na wale watakaokuja kuniambia mtu mzima unagombana kwa ajili ya katuni, pita tu ndugu. Hii ni kazi ya watu, kuna wachoraji wamemaliza macho yao kwenye meza, na kuna binti wa Kitanzania kajifunza ufundi kwao bila kulipa ada. Anastahili kuheshimiwa akifika mlangoni kwao.

Kwa mnaokuja huku, na najua mpo wengi mnaopanga: kabla ya kulipa ziara yoyote uliza mnaingia maduka gani na kila moja muda gani, uliza mkianza saa ngapi na hayo maduka yanafungua saa ngapi, ukiambiwa mitaa mitatu masaa manne kimbia. Nakano usiende Jumatano, maduka mengi mule yanapumzika siku hiyo. Pasipoti tembea nayo, ukinunua kuanzia yeni 5,000 kwenye duka lenye utaratibu huo unasamehewa kodi, ni asilimia 10 sio ndogo.

Aliyewahi kupita na kampuni ya namna hii aje hapa aseme ilikuwaje, hasa kama mtu alifanikiwa kurudishiwa hela aniambie alipitia njia gani. Ikebukuro tunaenda wenyewe keshokutwa. Kampuni wakinijibu nitaleta mrejesho hapahapa.