Asta Nielsen: ni sauti ndo ilimmaliza au umri?

Mtoa mada:
Wadau, kila nikisoma habari za Asta Nielsen, yule Mdenmaki aliyekuwa staa mkubwa wa sinema bubu, naambiwa eti filamu zilipoanza kuongea ndo akaisha. Mi nakataa. Filamu zake bubu za mwisho ni za 1927, na Ujerumani alikokuwa anapiga kazi filamu za sauti zimekuja kushika kasi 1929, 1930 hivi, sasa sauti imemuuaje mtu ambaye tayari yuko nje? Hiyo moja tu ya sauti aliyocheza ni ya 1932. Na sauti alikuwa nayo, kasomea uigizaji Det Kongelige Teater, ukumbi wa kifalme wa maigizo pale Copenhagen, kakaa jukwaani miaka kabla kamera haijamjua. Huyu kazaliwa 1881, 1927 ana miaka 46, na mwaka huohuo wanamchezesha kahaba aliyezeeka. Umri huo wakuu, tusizunguke.

Mchangiaji wa kwanza:
Mkuu umri sawa, ila kipaji cha yule mama kilikuwa mwilini. Umeiona ile ngoma kwenye filamu yake Afgrunden ya 1910? Jamaa kafungwa kamba, yeye na gauni jeusi limembana anamzunguka taratibu, anamsugulia nyonga, hakuna neno hata moja na umeelewa kila kitu. Mtu wa hivyo ukimpa mistari aongee unampunguza tu.

Mtoa mada:
Ngoma naijua, nimeirudia sijui mara ngapi 😂 Ila tuje kwa Greta Garbo, yule mwigizaji Mswidi. 1925 wamecheza filamu moja, Die freudlose Gasse ya mwongozaji Pabst, Garbo binti wa miaka 19, Asta 43. Garbo kaenda Hollywood, 1930 kafungua mdomo na lafudhi yake ya Kiswidi na watu wakajaa kumsikiliza. Kwa hiyo lafudhi ya mgeni inasameheka, mikunjo ndo haisameheki?

Mchangiaji wa pili:
Mnamfanya kama hakuwa na uwezo wowote jamani. Filamu ya Hamlet ya 1921, ile tamthilia ya Shakespeare ya mwana wa mfalme, imetoka kwenye kampuni yake mwenyewe, tena yeye ndo Hamlet, na wameigeuza stori, Hamlet ni binti aliyelelewa kama mwanaume mpaka anakufa, hapo rafiki yake Horatio anamgusa kifua ndo anashtuka. Mtu wa akili hiyo si angejitengenezea role ya mama wa miaka 50?

Mtoa mada:
Hapo umenibana, nakubali. Ila kuwa na wazo ni kitu kimoja, hela ya kuligeuza filamu na kumbi za kuionyesha ni kitu kingine, na hizo hazikuwa mikononi mwake. Akarudi jukwaani, wanazi waliposhika nchi akarudi kwao Denmark.

Mchangiaji wa pili:
Na 1968 akiwa na 80 na kitu katengeneza mwenyewe filamu fupi kuhusu maisha yake. Miaka miwili baadaye kaolewa tena, ana 88. Sasa nyie endeleeni na umri wenu 😅