Tupeane uzoefu: machozi ya mama yanapogeuzwa pambo

Wa Kadutu (Bukavu): Wapendwa, kuna picha haijanitoka kichwani juma zima. Ni Ophelia, yule binti anayezama mtoni katika tamthilia ya Shakespeare, alivyochorwa na John Everett Millais mwaka 1851 na 1852. Maua mkononi, mdomo wazi, gauni limetanda majini. Nikiwa msichana niliikata kwenye gazeti la kizungu nikaibandika juu ya kitanda. Niliona raha kuitazama!

Juzi ndipo nikasoma habari za aliyelala mle majini. Elizabeth Siddal alilazwa ndani ya beseni la kuogea, London, kipindi cha baridi, maji yakipashwa kwa taa zilizowekwa chini. Taa zikazimika. Mchoraji akaendelea na brashi yake, dada wa watu akanyamaza. Aliugua, baba yake akadai pauni 50 za matibabu. Kingo za mto Millais alizikalia miezi, jani kwa jani. Mtu aliyekuwa akiganda mbele yake hakumwona.

Na hapa kwetu? Semeni mliyoyaona.

Birere (Goma): Yaya, dada mkubwa, mimi nimeshika taa. Nilikuwa kibarua wa bwana mmoja aliyekuja kupiga filamu kambini. Mama mmoja alisimulia mpaka akalia. Bwana akasema arudie, wingu lilikuwa limefunika jua. Mimi ndiye niliyemtafsiria. Akarudia, ila safari hii hakulia, alitazama mikono yake tu. Hicho kipande walikitupa; cha machozi wakakiwekea kinanda. Kabla ya kamera kuwashwa alikuwa akituuliza aende kwa nani, shitingi, lile turubai la plastiki la kibanda chake, inavuja. Hilo hatukulirekodi.

Mama Pacha: Alilipwa?

Birere: Hapana, mama. Nililipwa mimi.

Katuba (Lubumbashi): Sebuleni kwetu baba alitundika mchoro wa "Colonie belge", yaani koloni la Wabelgiji, kama nyumba nyingi za hapa miaka ya 70. Mfungwa kalala chini anapigwa fimbo, mzungu anatazama, pembeni mwanamke kaleta chakula. Wageni wote walimzungumzia mfungwa. Nkambo, bibi yetu, peke yake alimkazia macho yule wa sahani: "Huyu ametembea kutoka wapi? Watoto kamwachia nani?" Sijawahi kusikia mwingine akiuliza.

Wa Kadutu: Mwambie nkambo asante. Birere, na ile shitingi?

Birere: Tuliondoka saa tisa, yaya. Sikurudi kuuliza.